Sarufi ya Kisasili: Tahakiki ya Filamu *Kapaemahu*

Filamu fupi ya katuni *Kapaemahu* (2020), iliyoongozwa na Hinaleimoana Wong-Kalu, Dean Hamer na Joe Wilson, inasimulia waganga wanne waliotoka Tahiti, wakaponya watu Waikiki na kuacha nguvu zao katika mawe manne. Waganga hao ni *mahu*: nafsi zao ni za kike na za kiume kwa pamoja. Uzito wa filamu umo katika uamuzi wa kuisimulia kwa Kihawaii cha kisiwa cha Niihau. Kiwakilishi *ia*, kama *yeye* cha Kiswahili, hakibainishi jinsia. Kiingereza, katika umoja, kwa desturi hudai ibainishwe. Hivyo, anayetegemea tafsiri ya Kiingereza hupata kisa, lakini hukosa sarufi inayokibeba.