Daktari na Kalamu Yake

Tabibu mmoja, sasa marehemu, alikuwa akitibu huko Mgeta, kwenye milima yetu ya Uluguru, nilipokuwa mtoto, na kila nikimkumbuka kinachotangulia ni mwandiko wake. Siku hizo mgonjwa alikwenda zahanati na daftari la shule, mara nyingi lile ambalo mtoto wa nyumbani alifunga nalo mwaka likabaki na kurasa tupu. Ukilifungua mbele unakutana na hesabu za darasa la tatu na alama nyekundu za mwalimu. Ukiligeuza nyuma unakutana na malaria, vichomi na mimba ya miezi saba. Tabibu aliandika humo kwa wino wa bluu, herufi zimelala upande mmoja, mstari haupandi wala haushuki.

Kabla ya kuandika, alisikiliza. Bibi yangu akiulizwa anaumwa nini hakuanzia tumboni. Alianzia kwenye mvua iliyokata barabara, kabichi zikaozea shambani, mkwe aliyeahidi kuja na gari asitokee, ndipo yeye akajitwika gunia mwenyewe. Kwenye benchi nje watu walikohoa makusudi. Tabibu hakuwa na haraka. "Enhe, bibi," alisema, kichwa kimeinama kidogo. Bibi alipomaliza aliulizwa swali moja tu, na halikuhusu tumbo: "Huyo mkwe, mmeshapatana?" Hapo ndipo machozi ya bibi yalipotoka, na mimi niliyemsindikiza nikajua kwa mara ya kwanza kwamba watu wazima nao hulia.

Ndipo kalamu ikashikwa. Vifupisho vya kidaktari vilikuwa vyake na wenzake, lakini mstari wa mwisho aliuandika kwa Kiswahili, ili yeyote nyumbani anayejua kusoma ausome: mama huyu asibebe mzigo wa majani mpaka baada ya Pasaka. Babu aliposomewa hakuwa na la kubisha. Nimesoma hadithi fupi nyingi ambazo hazina nusu ya uzito wa mstari ule. Ndani yake yumo mwanamke, umo mlima, yumo mume, na imo kalenda nzima ya kijiji. Wenye madaftari yale walipofariki, karatasi zilikwenda kufungia karanga stendi.

Ufundi huo wa kumsikiliza mtu hadi mwisho ndio uliowazaa baadhi ya waandishi wa riwaya duniani, na mmoja wao alikuja pande zetu. Francis Brett Young alizaliwa Halesowen, Uingereza, mwaka 1884, mtoto wa daktari. Alisomea udaktari Birmingham, akawa daktari wa meli, kisha akatibu watu wa Brixham, mji wa wavuvi, huku akitoa riwaya zake za mwanzo. Mwaka 1916, katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, aliletwa Afrika Mashariki akiwa daktari wa jeshi la Waingereza chini ya Jenerali Smuts, akateremka nalo bonde la Pangani wakiwafukuza Wajerumani. Agosti 26 mwaka huo jeshi la Smuts liliingia Morogoro, na Wajerumani wakarudi nyuma kuelekea Kisaki, ng'ambo ya Uluguru. Wapagazi Waafrika walikufa kwa makumi ya maelfu katika vita ile, wengi kwa maradhi na njaa. Brett Young mwenyewe aliangushwa na malaria. Afya yake haikumruhusu kurudi tena kwenye udaktari, kalamu ikawa ndiyo ajira.

Kitabu chake cha safari ile, Marching on Tanga, kilitoka mwaka 1917. Mwaka uliofuata ikatoka riwaya, The Crescent Moon, na humo ndimo tunamotokea sisi. Kuna misheni iitwayo Luguru, na kuna watu anaowaita Waluguru, waliovikwa ibada ya mwezi na mambo ya gizani ya kumsisimua msomaji wa kwao. Uluguru ya ardhi inayofuata ukoo wa mama, ya mjomba mwenye sauti kuliko baba, usiitafute kule. Alichukua jina, wenye jina akawaacha.

Simlaumu sana. Daktari wa jeshi huwa safarini. Anaona miguu yenye vidonda, anaona homa, halafu kambi inavunjwa. Hakuna bibi aliyepata kukaa mbele yake na kuanza na kabichi. Lakini msome mtu yuleyule anapoandika juu ya kwao: My Brother Jonathan ya mwaka 1928, au Dr. Bradley Remembers ya 1938, maisha ya madaktari wa kawaida katika miji ya viwanda. Hapo hamna mwezi wala mizungu. Wamo watu aliokua akiwaona wakigonga mlango wa baba yake. Alifariki Cape Town mwaka 1954, na kwa vitabu vile viwili namwita fundi. Kwa kile cha Luguru, hapana.

Daktari mwingine aliyeandika riwaya, Margaret Ogola wa Kenya, yeye alikuwa na benchi lake. Alizaliwa mwaka 1958, akawa daktari wa watoto, akahudumia yatima wenye VVU katika kituo cha Cottolengo, Nairobi. Riwaya yake The River and the Source ilitoka mwaka 1994, na mwaka uliofuata ikapata tuzo ya Jumuiya ya Madola kwa kitabu cha kwanza upande wa Afrika. Inamfuata Akoko, mwanamke wa Kijaluo, na kizazi chake cha wanawake hadi siku zetu. Mwana wa kwanza wa Akoko anapotelea katika vita ileile ya Wazungu. Huku kwetu Uluguru, Kinole au Matombo, ambako mtoto anahesabiwa kwa mama, Akoko angepewa kigoda bila kuulizwa ametoka wapi. Wanafunzi wa sekondari Kenya walikisoma kitabu hicho darasani. Saratani ilimchukua Ogola mwaka 2011, na mkono ule haujapata mrithi wa kiwango chake.

Nami hapa Morogoro nilimpeleka mama yangu mkubwa hospitali, sitaitaja. Daktari kijana, mpole, macho kwenye kompyuta. Mama alianza, "Mwanangu, siku ile tulikuwa tunatoka msibani…" Akakatizwa: homa ipo? Choo? Presha? Mama alijibu ndiyo na hapana, akafunga kilemba vizuri, tukatumwa maabara. Dawa alipata na alipona, sikatai. Najua pia foleni ilikuwa imefika getini. Lakini habari ya msibani ilirudi naye nyumbani, na mama mkubwa hataisimulia tena kwa mtu mwenye koti jeupe.

Hadithi ngapi zimerudi hivyo? Walikuwepo wazee waliobebeshwa mizigo mwaka 1916. Walikuwepo waliogomea amri ya Waingereza ya kuchimba matuta mashambani mwaka 1955, pale Matombo palipomwagika damu. Wote waliugua, wote walikaa mbele ya tabibu fulani, na waliokuwa na sikio hawakuachiwa muda wala karatasi ya kudumu. Riwaya ya daktari yenye jina la Luguru ninayoijua mpaka leo ni ya mwaka 1918, na ni ya mgeni.

Madaktari na matabibu wa Morogoro, mnaopanda Mgeta kwa pikipiki na mnaolala zamu mjini chini ya kilele cha Lupanga, nunueni daftari lingine, lisiwe la hospitali. Badilisheni majina, badilisheni vijiji, siri ya mgonjwa ibaki siri. Lakini bibi akianza na kabichi, mwacheni amalize, kisha mwandike.