Vinyago vya Tabaka na Moyo wa Mvulana

Kazi ya sanaa hupimwa kwa mizani mbili. Ya kwanza hupima ustadi wa mkono, kwamba umbo limenyooka na uso wa kazi umelainika kama ipasavyo. Ya pili hupima ukweli, kwamba kazi ile yasema nini juu ya maisha ya binadamu, na kwamba isemayo ni kweli yote au ni nusu yake. Wengi hutumia mizani ya kwanza, wakaisahau ya pili. Katika insha hii nataka, msomaji, tuzitumie zote mbili juu ya vinyago vya mawe vya Tabaka, na hasa juu ya viwili ambavyo huonekana sana madukani. Maana nadhani vina habari kubwa ya kutupa juu ya malezi ya watoto wa kiume.

Tabaka ni mji mdogo katika vilima vya Mugirango Kusini, katika Kaunti ya Kisii, magharibi ya Kenya. Sifa yake imetoka ardhini. Huko huchimbwa jiwe la sabuni, lililopewa jina hilo kwa ulaini na utelezi wake. Rangi zake ni nyingi: liko jeupe, liko la waridi, liko la kijivu, na liko lenye michirizi ya manjano. Aghalabu wanaume huchimba na kuchonga kwa panga, kisu, patasi na tupa. Wanawake na watoto huosha, husugua kwa msasa na maji, kisha hung'arisha. Kutoka hapo vinyago huenda Nairobi na Mombasa, na kutoka bandarini huenda ng'ambo. Si kazi ya soko tu. Elkana Ong'esa, aliyezaliwa Tabaka mwaka 1944, alichonga ndege wa amani ambaye leo amesimama katika makao makuu ya UNESCO mjini Paris. Basi mahali tunapopazungumza si mahali pa kudharauliwa katika sanaa.

Kinyago cha kwanza ni kile kiitwacho familia. Watu wawili, watatu au zaidi huchongwa katika jiwe moja, wakashikamana kwa mikono hata duara ikatimia. Kwa mizani ya ustadi, kazi hii ni njema. Mkono wa mmoja huishia begani mwa mwenziwe bila ya jicho kuona mahali pa kuungana. Kwa mizani ya ukweli pia ina thamani. Mchongaji hakuunganisha watu waliokuwa mbalimbali. Alianza na jiwe moja, akawatafuta watu ndani yake. Ukimvunja mmoja, duara yote imeharibika. Ni vigumu kusema habari za jamaa kwa ufupi na uwazi zaidi ya hivyo.

Lakini tazama tena. Vichwa vya watu hawa aghalabu ni mviringo mtupu. Havina macho, havina kinywa. Wameshikana, lakini hapana amtazamaye mwenzake, wala hapana asemaye neno. Mapenzi yao yote yamo mikononi.

Kinyago cha pili ni mtu aliyeketi peke yake. Magoti ameyainua, mgongo ameupinda, na kichwa amekiinamisha mikononi mwake. Wauzaji wengine humwita mwenye kufikiri. Wengine humwita mwenye kulia. Majina haya mawili kwa umbo moja yanatosha kumsimamisha mhakiki. Kufikiri na kulia si jambo moja. Iweje basi mtu mmoja aweze kuwa yote mawili, na mnunuzi achague alipendalo? Jibu ni kwamba uso umefichwa. Mchongaji ametupa mkao wa huzuni, lakini hakutupa huzuni ya nani, wala ya nini.

Linganisha na kazi ya Auguste Rodin, mchongaji wa Ufaransa, ambayo dunia humwita Mwenye Kufikiri. Hapo kwanza mtu yule hakuwa peke yake. Rodin alimfanya awe sehemu ya mlango mkubwa wa Jahanamu alioagizwa kuutengeneza mwaka 1880, akamketisha juu ya mlango, chini yake wakiwa watu wenye mateso. Alikuwa na jambo la kulifikiri. Baadaye alitengwa, akasimamishwa peke yake, na tangu hapo wengi humtazama bila kujua alikuwa akitazama nini. Mtu wa Tabaka tangu kuzaliwa kwake ametengwa hivyo. Mgongo wake watuambia kwamba anaumia. Zaidi ya hapo hatuambiwi neno.

Huenda msomaji akanipinga akisema: mchongaji huyu hutafuta karo ya watoto wake, huchonga kile kinachonunuliwa, wala hakukusudia kutoa fundisho. Ni kweli, wala simlaumu. Walakini umbo linalorudiwa mara elfu na elfu, likapendwa na wachongaji na wanunuzi pia, hutuonyesha lile ambalo watu wamelizoea. Nasi tumezoea kumwona mwanamume mwenye huzuni akiwa ameficha uso. Tumezoea hata hatuulizi.

Hapa ndipo sanaa inapokutana na malezi. Wavulana wa Tabaka hukua kando ya mawe haya. Wengi huanza kwa kusugua, kisha hupewa kisu, kisha huchonga vitu vidogo mbele ya baba au kaka. Jambo moja wanalofunzwa mapema ni kulitazama jiwe kabla ya kulikata. Jiwe lina nyufa zilizojificha. Mwenye pupa huzipuuza, akafanya kazi siku nzima, na kinyago kikapasuka jioni alipokuwa karibu kukimaliza. Mwenye busara huligeuza jiwe, hulitia maji, huutafuta ufa, kisha huamua umbo. Ni elimu kubwa hii. Lakini mvulana yule yule aliyefunzwa kuutambua ufa wa jiwe, nani amemfunza kuutambua ufa uliomo ndani yake?

Wagusii wana neno ensoni, ambalo katika wingi huitwa chinsoni, lenye maana ya haya na staha baina ya watu, hasa baina ya wazazi na watoto wao waliokwisha kutahiriwa. Kiswahili kina ndugu yake, soni. Ni desturi yenye hekima, kwa maana humpa kila mtu heshima yake. Lakini heshima ikizidi mpaka, baba na mwana waweza kukaa katika boma moja miaka mingi, kila mmoja akijua mwenzake anaumia, na hapana wa kuanza kusema. Tena mvulana anapotahiriwa huonywa asilie. Kwa saa ile, onyo lina maana yake: yapo maumivu ambayo mtu hana budi kuyavumilia, na jamaa hufurahi kumwona kijana amesimama imara. Kosa huja baadaye, pale amri ya asubuhi moja inapofanywa sheria ya maisha yote. Aliyekatazwa kulia mbele ya kisu hujiona amekatazwa kulia mbele ya kaburi la mama yake.

Hata lugha yetu humsaidia kujificha. Huulizwa, "Hujambo?" naye hujibu, "Sijambo," yaani hana jambo. Akionekana ameinama, huulizwa, "Una nini?" naye hujibu, "Sina neno." Yatafakari maneno hayo, msomaji. Mara nyingi ni kweli tupu: jambo analo, lakini neno la kulisemea ndilo alilolikosa. Hajui kama lililomo kifuani mwake ni hasira, au fedheha, au wivu, au upweke, au hofu. Yote kwake ni kitu kimoja kizito. Na kitu kizito kisicho na jina hutoka kwa mlango ulio karibu, nao kwa wavulana wengi ni mlango wa hasira, maana hiyo ndiyo pekee wasiyochekwa kwa kuionyesha.

Wahenga walisema kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu. Mshindo huo tumeusikia. Mwaka 2001 wavulana 67 waliteketea katika bweni la Shule ya Sekondari ya Kyanguli, Machakos, kwa moto uliowashwa kwa makusudi. Mwaka 2016 shule zaidi ya mia moja za Kenya zilipatwa na moto, na Kisii haikusalimika. Sisemi kwamba chanzo cha mikasa hiyo ni kimoja. Yalisemwa mengi juu ya mitihani, msongamano na ukali wa utawala. Lakini hasira isiyopata neno hutafuta kiberiti. Na wako wengine ambao mshindo wao haumdhuru jirani, huwageukia wenyewe: duniani kote wanaume wanaojiua ni zaidi ya maradufu ya wanawake. Kwa hiyo jambo hili si anasa ya watu wenye nafasi.

Yuko atakayesema kwamba tukiwafunza wavulana habari za moyo tutawafanya wawe dhaifu. Shaka hiyo yajibiwa na mambo yaliyoonekana karibu na Tabaka. Kwa Wagusii wa zamani, mtoto mchanga aliwekewa mlezi, naye ni mtoto mwenzake mkubwa kidogo, aitwaye omoreri. Msichana ndiye aliyependelewa, lakini palipokosekana msichana mvulana alishika kazi hiyo, akabeba mtoto mgongoni, akajifunza kutofautisha kilio cha njaa na kilio cha usingizi. Wataalamu wa Kimarekani, Robert LeVine na wenziwe, waliokaa Kisii katika miaka ya 1950 na tena katika miaka ya 1970, waliandika jinsi mama wa Kigusii alivyokuwa mwepesi kumtuliza mtoto mchanga anapolia. Basi Gusii haikuwa nchi isiyojua kusikiliza kilio. Ilijua sana, ila ilikoma kumsikiliza mvulana mapema mno.

Ushahidi wa pili ni wa Oyugis, mji wa Waluo ulio katika barabara itokayo Kisii kwenda Kisumu. Mwishoni mwa miaka ya 1960 Carol Ember, mtaalamu wa Kimarekani, aliwachunguza wavulana wa huko. Baadhi yao, kwa kuwa nyumbani hapakuwa na dada wa kufaa, walipewa kazi zilizohesabiwa kuwa za wasichana, kama kulea watoto na kupika. Alipotangaza matokeo yake mwaka 1973, alionyesha kwamba wavulana hao walikuwa na ugomvi mdogo wa kujitakia makuu kuliko wenzao, hata katika saa ambazo hawakuwa wakifanya kazi zile. Hawakupungukiwa na uanaume, walizidishiwa utu. Mtu aliyezoea kuuliza, "Mtoto huyu analilia nini?" huwa amekwisha kujifunza nusu ya njia ya kujiuliza, "Nami nalilia nini?"

Basi nirudi katika hukumu ya mhakiki. Kinyago cha familia nakihesabu kuwa kazi njema iliyosema nusu ya kweli: kwamba tumetoka katika jiwe moja na tumeshikana. Kinyago cha mtu aliyeinama nacho kimesema nusu yake: kwamba mwanamume huumia. Ushujaa wa kazi hii ya pili tusiupuuze, maana mchongaji ameliruhusu jiwe lifanye jambo ambalo yeye mwenyewe pengine hakuruhusiwa kulifanya mbele za watu. Nusu iliyosalia ni uso. Ningependa kumwona siku moja mchongaji wa Tabaka akimwinua kichwa mtu yule, akampa macho ya kumtazama mwenzake na kinywa cha kusema. Ni kazi ngumu kuliko kuficha. Kuchonga mgongo uliopinda huhitaji mkono. Kuchonga uso wenye uchungu huhitaji mchongaji aujue uchungu huo kwa jina.

Lakini hatuna haja ya kumngojea. Kazi hiyo yaweza kuanzwa nyumbani na shuleni. Mzazi na ampe mwanawe majina ya mambo ya moyo kama anavyompa majina ya miti na ndege: hii ni hasira, hii ni aibu, hii ni hamu ya kupendwa. Baba na athubutu kusema mbele ya mwanawe, "Leo nimehuzunika," kisha aendelee na kazi yake, ili mwana aone kwamba huzuni ikitajwa haimwangushi mtu. Mvulana na apewe mtoto wa kumbeba na mgonjwa wa kumhudumia, wala si ng'ombe na jembe tu. Mwalimu naye, kabla ya kushika fimbo, na aulize mara mbili. Maana jibu la kwanza la mvulana karibu siku zote ni kwamba hana neno.

Nawe, msomaji kijana, usingoje kuwa baba. Katika bweni lako au darasani mwako yuko mmoja aketiye kama kinyago kile. Wengine hupita wakadhani anafikiri. Kaa karibu naye. Muulize ana nini. Na akikujibu kwamba hana neno, usiondoke upesi. Mpe nafasi ya kulitafuta.