Nuru, Jiko na Ukuta: Uhakiki wa "Ndoto ya Sultana"

Msomaji aliyelelewa katika ushairi wa Kiswahili, akikutana na neno nuru katika kazi ya sanaa, huharakia kulifasiri kwa istiara: nuru ni elimu, nuru ni imani, nuru ni uongofu. Mazoea hayo ni mema, lakini huweza kumpotosha mbele ya Sultana's Dream, yaani Ndoto ya Sultana, hadithi fupi ya Rokeya Sakhawat Hossain (1880-1932), mwandishi Mwislamu wa Bengal, iliyochapishwa mwaka 1905 katika jarida la wanawake mjini Madras. Katika mji wa hadithi hii nuru haiishii kuwa istiara. Nuru inapika.

Msuko wenyewe ni mwepesi. Sultana ameketi chumbani akiwaza hali ya wanawake wa India, na mara anajikuta akitembezwa na Dada Sara katika Ladyland, Nchi ya Mabibi, ambako wanawake hupita barabarani bila hofu na wanaume hutawishwa ndani. Jiko analoonyeshwa limo katika bustani ya mboga. Hamna makaa, hamna moshi wala dohani. Bomba huleta joto na mwanga wa jua uliokusanywa, na chakula huiva. Mashamba hulimwa kwa umeme, gari hupaa hewani, na saa mbili za kazi hutosha kwa siku. Sultana anaposema kwamba kwao maofisa hufanya kazi saa saba kwa siku, Sara anamjibu kwamba mtu avutaye sigara kumi na mbili kwa siku, kila moja kwa nusu saa, amekwisha kupoteza saa sita.

Kejeli kama hiyo imewafanya baadhi ya wasomaji waione kazi hii kuwa kisasi tu: aliyefungiwa jana anamfungia mwenziwe leo. Hukumu hiyo ina chembe ya ukweli, lakini inapuuza swali ambalo mwandishi amelijengea mji mzima: je, nguvu ya jua ilipatikanaje, na mikononi mwa nani?

Jibu limo katika historia ya nchi hiyo kama anavyoisimulia Sara. Malkia aliamuru wanawake wote wasomeshwe, akapiga marufuku ndoa kabla ya umri wa miaka 21. Vikaanzishwa vyuo vikuu viwili vya wanawake. Kimoja kilibuni njia ya kuteka maji kutoka angani. Cha pili, kwa kushindana nacho, kikabuni chombo cha kukusanya joto la jua. Wakati huo wanaume walikuwa wakiongeza nguvu za jeshi, na utafiti huo waliufanyia mzaha. Vita vilipozuka na jeshi likashindwa, ndipo wanafunzi elfu mbili wakiongozwa na mkuu wa chuo walipomwelekezea adui miale ya jua, naye akakimbia. Ila kabla ya kutoka, wanawake walitoa sharti moja: wanaume waingie ndani kwanza. Wakaingia, wala hawakutoka tena.

Hapa yafaa kuikumbuka Kusadikika ya Shaaban Robert, iliyochapishwa mwaka 1951. Kazi zote mbili zimechagua nchi isiyokuwamo katika ramani ili ziseme juu ya nchi iliyomo. Katika Kusadikika, Karama anashtakiwa kwa kueneza elimu ya sheria, na wajumbe sita waliotumwa kutafuta maarifa ya nchi nyingine walitiwa kifungoni waliporejea. Maarifa hutoka nje, na dola huyafungia mlango. Katika Nchi ya Mabibi maarifa huchipuka ndani, kwa watu waliokuwa wamefungiwa, na dola ndiyo inayoyalea. Shaaban Robert anauliza jinsi ukweli unavyoweza kusikilizwa barazani. Rokeya anauliza ni nani apewe nafasi ya kuutafuta ukweli huo tangu awali.

Hata hivyo, kilele cha hoja yake hakimo vitani. Kimo jikoni, katika tukio dogo ambalo ni rahisi kulipita. Kabla Sultana hajaingia kuliona jiko, wanaume waliokuwamo walitakiwa kuondoka. Kumbe basi nuru ya bomba lile, iliyofukuza moshi na masizi, humpunguzia taabu mwanamume aliyetawishwa. Hasumbuliwi tena na moshi, lakini bado yumo ndani. Kwa tukio hilo mwandishi anatenganisha mambo mawili yanayochanganywa mara nyingi: kumpunguzia mtu taabu na kumpa uhuru. Chombo kizuri huweza kuondoa moshi bila kuugusa ukuta. Ukuta huguswa pale tu aliye ndani anapopata chuo, maktaba na haki ya kubuni chombo chake mwenyewe.

Kwa mtazamo huo, kubakia kwa ukuta katika Nchi ya Mabibi si upungufu wa dhamira. Ni mtego uliotegewa msomaji wa kiume: akihisi dhuluma ya kuwatawisha wanaume wasio na kosa, amekwisha kuihukumu desturi ya nyumbani kwake. Pwani ya Afrika Mashariki, ambako kutawa ni neno lenye historia ndefu, mtego huo hauhitaji maelezo mengi. Na Rokeya hakuishia katika ndoto: mwaka 1909 alianzisha shule ya wasichana huko Bhagalpur, akaihamishia Calcutta mwaka 1911.

Fantasia hushutumiwa mara kwa mara kuwa ni kuukimbia uhalisi. Ndoto ya Sultana yaonyesha kinyume chake. Umeme wa jua, uliokuwa muujiza mwaka 1905, leo ni jambo la kawaida. Hapa Kenya kituo kikubwa cha umeme huo kilizinduliwa Garissa mwaka 2019. Kilichokuwa njozi katika hadithi kimetimia kabla ya kile kilichokuwa hoja. Kwa hiyo kila taa mpya iwakapo kijijini, swali la Rokeya hurudi palepale: ni nani aliyemo chuoni akiibuni, na ni nani angali jikoni akiingojea?