Sauti ya Ava Gardner, kutoka Garissa

Mwezi huu nimeitazama Mogambo mara tatu, zote kwa simu, nimelala kwenye mkeka nje ya nyumba yetu hapa Garissa kwa sababu ndani hakulaliki kwa joto. Mara ya tatu ayeeyo, nyanya yangu, alikaa kando yangu na kikombe chake cha chai. Kiingereza hajui. Baada ya muda akauliza, "Huyu mwenye sauti nzito ni mtoto wa nani?"

Hakuuliza kuhusu uso. Ndiyo maana naandika.

Ukisoma kuhusu Ava Gardner unakutana na uso tu. Uso, na waume watatu: Mickey Rooney, Artie Shaw, Frank Sinatra. Yaani mtu ameigiza zaidi ya miaka 40 na bado tunamhesabia ndoa! Mimi nataka tuongee kuhusu sauti.

Alizaliwa mwaka 1922 huko Grabtown, North Carolina, kitinda mimba wa watoto saba wa mkulima wa tumbaku. Shemeji yake alikuwa mpiga picha New York; picha moja aliyoiweka dirishani ndiyo iliyomfikisha binti huyu MGM mwaka 1941. Lafudhi yake ya kusini ilikuwa nzito kiasi kwamba studio ilimpeleka kwa mwalimu wa matamshi ili ifutwe. Miaka kumi baadaye, kwenye Show Boat (1951), akaigiza Julie, mwanamke mwenye damu nyeusi anayeishi kama mzungu. Nyimbo alizirekodi mwenyewe, lakini kwenye filamu tunamsikia Annette Warren. Na Lena Horne, mwanamke mweusi ambaye tayari alishaimba kama Julie kwenye filamu ya 1946, nafasi hiyo hakuipata. Mmoja walimkataa uso, mwingine wakamkataa sauti. Walikuwa wanaunda mtu kama vile fundi wa jua kali anavyounda gari, spea hii hapa, ile kule.

Haya yananiuma kwa sababu zangu. Mwaka juzi nilienda Nairobi kwenye usaili wa kikundi kimoja cha maigizo. Nikasoma mistari yangu, wakacheka. "Toa kwanza hiyo lafudhi ya waria." Kisha mwingine akasema, "Ama baki nayo, kuna sehemu ya mke wa gaidi." Nikapanda basi la usiku kurudi nyumbani. Njiani kwenye kizuizi wakaitisha vitambulisho, kama kawaida.

Sasa, Mogambo. John Ford aliipiga Afrika Mashariki kuanzia mwishoni mwa 1952, hali ya hatari ikiwa imetangazwa Kenya Oktoba hiyohiyo. Huku kwetu, Northern Frontier District, sheria ya 1926 ilikuwa imelifanya eneo lililofungwa. Ulitembea kwa kibali. Ava na Clark Gable walikuja kwa ndege. Orodha ya waigizaji mwanzoni mwa filamu inawataja Wasamburu wa Koloni la Kenya, kabila zima kama mwigizaji mmoja. Hakuna hata jina la mtu. Na wapo waliodai neno "mogambo" ni Kiswahili, eti maana yake ni mahaba makali. Kiswahili cha wapi? Tanzania mgambo ni yule anayewakimbiza wamachinga, kama kanjo wetu. Inasemekana walichukua jina la klabu ya Hollywood, Mocambo, wakabadilisha herufi moja. Hiyo naiamini kabisa.

Ila Ava ni mzuri humo, siwezi kudanganya. Eloise Kelly anafika kambini kukutana na maharaja, anakuta ameshaondoka, na tangu hapo anakuwa mgeni ambaye hakualikwa. Grace Kelly, kama mke wa mtu aliyempenda Gable, anatamka kila neno kama msomaji wa taarifa ya habari. Ava anayaangusha tu, nusu utani, nusu uchovu. Mwishoni yule mke anampiga Gable risasi, mume anaingia, na Eloise ndiye anayetunga uongo wa kumwokoa mwenzake. Anadanganya haraka, kama mtu aliyezoea kufagia aibu za wengine. Hapo ndipo alipostahili kuteuliwa kwa Oscar, mara moja tu maishani mwake. Ilienda kwa Audrey Hepburn.

Nilitega sikio nisikie North Carolina ndani ya sauti hiyo. Sikuisikia. Na hilo linanisumbua, kwa sababu sauti iliyomvutia ayeeyo ni ileile iliyofunzwa na studio, na Ava ameifanya yake kabisa. Ningependa kusema walimharibu. Filamu yenyewe hainiruhusu.

Wasamburu walipoanza kuimba, ayeeyo aliinua kichwa. "Hawa wanasema nini?" Nikaangalia maandishi ya chini ya skrini. Hakukuwa na kitu.

Wiki ijayo kuna usaili mwingine Nairobi. Nimejirekodi mara mbili, moja kwa lafudhi yao, moja kwa yangu. Ayeeyo amezisikiliza zote. Hajaniambia ipi nitume.