Mkono Ulioinama Kando ya Reli

Jicho la binadamu halijui kupima mwinuko wa reli. Simama kando ya njia inayopanda futi 1 katika kila futi 200, uiangalie mbele na nyuma, utaapa kwamba ni tambarare. Injini yenye mzigo wa tani 500 haidanganyiki. Kwenye mwinuko huo mzigo unaivuta nyuma kwa uzito wa tani 2 na nusu, mbali na msuguano. Ukifika 1 kwa 100, ni tani 5. Ndiyo maana makampuni ya reli ya Uingereza yalisimika, pale mwinuko ulipobadilika, kijiguzo chenye mikono miwili. Sijaona kibao kingine kinachosema mengi hivyo kwa namba mbili tu.

Kitazame kwa karibu. Nguzo ni ya mbao, chuma au zege, kutegemea kampuni. Mkono wa kushoto unaeleza reli ya kushoto, wa kulia ya kulia. Mkono ukiinuka, reli inapanda kuelekea huko, ukiinama, inashuka, ukinyooka, umeandikwa LEVEL, yaani tambarare. Kwenye mkono kuna namba, tuseme 75: kila futi 75 za kwenda mbele, unapanda au kushuka futi 1. Kadiri namba inavyopungua ndivyo mlima unavyokuwa mkali. Ufundi wenyewe uko hapa: mwinuko wa 1 kwa 100 haufiki hata digrii 1, kwa hiyo mkono ungewekwa kwa pembe yake halisi hakuna ambaye angeona kuwa umeinama. Waliobuni wakauinamisha kupita kiasi, kwa makusudi. Pembe inatia chumvi ili ionekane; namba haiongezi wala haipunguzi.

Na mahali ilipo nguzo ni pa kuangaliwa sana. Mabehewa ya mizigo ya zamani yaliunganishwa kwa minyororo ya pete tatu, na mengi hayakuwa na breki inayotawaliwa kutoka kwenye injini. Treni ikivuka kilele, nusu ya mbele inateremka huku ya nyuma ingali inapanda. Minyororo inakaza, inalegea, inakaza tena, na mshtuko mmoja unaweza kukata pete. Kabla ya miteremko mikali paliwekwa kibao kingine cha kuamuru treni za mizigo zisimame kabisa, ili breki za mkono zishushwe behewa kwa behewa. Kule Lickey, kusini-magharibi mwa Birmingham, reli inapanda 1 kwa 37.7 kwa zaidi ya kilomita 3. Treni nzito zilisukumwa kwa nyuma, na mwaka 1919 ikajengwa injini yenye magurudumu 10 ya kuendeshea kwa ajili ya kazi hiyo.

Sasa ipunguze nguzo hiyo iwe ya reli ya mfano. Kwa kipimo kinachopendwa na Waingereza wengi, milimita 4 kwa futi, nguzo ya futi 5 inakuwa milimita 20, na tarakimu ya inchi 6 inakuwa milimita 2. Fundi anakata mikono kwenye plastiki nyembamba, anaishika kwa kibano, anaigundisha, anapaka nyeupe isiyong'aa. Aliye hodari hapumziki hapo. Anapitisha brashi kavu yenye rangi ya kahawia kwenye uso unaoelekea reli, kwa sababu vumbi la breki hutua upande huo.

Kisha inakuja shida ya nafasi. Ili reli moja ipite juu ya nyingine mezani, lazima ipande milimita 70 hivi. Kwa 1 kwa 75, kama ule mwinuko maarufu wa Shap kule Uingereza, hiyo ni zaidi ya mita 5, na wachache wana chumba cha namna hiyo. Wengi hupandisha kwa 1 kwa 35. Je, nguzo iandikwe 35 au 75? Mimi nasema 75, kwa sababu nguzo ni mali ya Shap, si ya seremala. Ila isimame palepale reli inapoanza kupanda, na mkono uelekee kweli inakoelekea reli. Anayeichomeka popote penye majani ya kupendeza hajaielewa.

Hesabu hiyo ya mzigo na mwinuko ni ya kwetu pia. Injini za Garratt za daraja la 59, zilizotengenezwa Uingereza miaka ya 1950, zilivuta tani 1,200 kutoka Mombasa kwenda Nairobi kwenye miinuko ya asilimia 1.5, karibu 1 kwa 66. Gawanya: tani 18 zikiivuta injini nyuma. Mojawapo, Mount Gelai namba 5918, iko Makumbusho ya Reli, Nairobi. Nenda ukaitazame.