Wapimaji wa Nukta

Asteroidi nyingi, hata kwenye darubini kubwa, huonekana nukta tu. Wapimaji hukesha wakiipiga picha mfululizo, wakilinganisha mng'ao wake na wa nyota za jirani, ili kupanda na kushuka kwa mwanga kuwaonyeshe jinsi jiwe linavyojizungusha. Wingu likipita, vipimo hukatika. Kesho usiku wanarudi. Ukubwa ndio mgumu hasa: jiwe dogo jeupe huakisi mwanga sawa na kubwa jeusi, hivyo hulazimika kupima na joto lake.

Mwaka 2022 chombo cha angani cha Marekani, DART, kilikigonga kijiwe Dimorphos, kinachoizunguka asteroidi kubwa zaidi, Didymos, ili kubadili njia yake. Nani angejua kama kweli kimesukumwa? Hao hao wakeshaji, kwa subira ninayoistahi sana, walifuatilia kufifia kwa nukta ile wakakuta muda wa Dimorphos kuizunguka Didymos umefupika kwa takriban dakika 32.