Katiba ya Washindi: Uhakiki wa Siasa za József Szájer

Katika kuchambua siasa, kosa la kwanza la mwanafunzi ni kumtazama mtu na kusahau nguvu alizozitumikia. József Szájer, mwanasheria wa Hungaria, ni mfano wa hatari hiyo. Wengi humkumbuka kwa jinsi alivyoanguka mwaka 2020. Lakini linalostahili uchambuzi ni kazi aliyoifanya mwaka 2011.

Szájer alizaliwa mwaka 1961, akasomea sheria Budapest. Machi 1988 yeye na vijana wenzake, wakiwamo wanafunzi wengi wa sheria, waliasisi Fidesz kupinga ukiritimba wa chama tawala. Mwaka 1990 aliingia bungeni. Hungaria ilipojiunga na Umoja wa Ulaya mwaka 2004, akahamia Bunge la Ulaya, ambako alikaa miaka 16.

Kiini cha suala ni uchaguzi wa Aprili 2010. Fidesz na mshirika wake KDNP walipata takriban asilimia 53 ya kura. Hata hivyo, mfumo wa uchaguzi uliwapa viti 263 kati ya 386, yaani zaidi ya theluthi mbili. Pengo hilo baina ya kura na viti ndilo lililozaa katiba mpya. Szájer aliongoza kamati ya kuiandika. Mwenyewe alieleza kwamba sehemu yake aliiandika kwenye kompyuta yake ndogo ya mkononi. Wananchi walitumiwa hojaji, lakini kura ya maoni haikuitishwa. Tarehe 18 Aprili 2011 Bunge liliipitisha kwa kura 262 dhidi ya 44, huku Wasoshalisti wakisusia.

Watetezi wake husema kwamba katiba ya zamani ilikuwa ya mwaka 1949, hivyo ilistahili kuondolewa. Hoja hii ina uzito, lakini haitoshi. Katiba hiyo ilikwisha kubadilishwa karibu yote mwaka 1989, baada ya watawala na wapinzani kuketi meza moja. Ya 2011 iliandikwa na upande mmoja.

Matokeo yake yalionekana upesi. Kwanza, mambo mengi yaliwekwa katika sheria maalum zisizoweza kubadilishwa bila theluthi mbili, hivyo serikali itakayochaguliwa kwa wingi wa kawaida ingefungwa mikono. Pili, umri wa majaji kustaafu ulishushwa kutoka miaka 70 hadi 62. Novemba 2012 Mahakama ya Ulaya iliamua kwamba hatua hiyo ilikuwa ya ubaguzi. Tatu, katiba iliyoitwa msingi wa taifa ilikwisha kurekebishwa mara ya nne ilipofika Machi 2013. Mwaka 2018 Bunge la Ulaya, ambamo Szájer mwenyewe alikuwa mjumbe, lilipiga kura 448 dhidi ya 197 kuanzisha hatua dhidi ya Hungaria.

Novemba 2020 Szájer alikutwa Brussels katika mkusanyiko uliovunja amri za kuzuia Uviko-19. Alijiuzulu ubunge, kisha akaondoka chamani. Mtu aliondoka kwa siku chache tu; sheria alizozitunga zilibaki, na Desemba hiyohiyo Bunge liliirekebisha tena katiba.

Kwa hiyo kada asiridhike na kulaani tabia ya mtu mmoja. Kila katiba inapotungwa aulize: nani ameshika kalamu, kwa idhini ya wangapi, na walioshindwa wamebakiwa na njia gani ya kuibadilisha?